Kutunga Muziki wa Filamu: Kutoka Kibodi ya Chumbani Hadi Mirabaha

Wanaoniuliza kuhusu kazi hii karibu wote huanzia kwenye kompyuta: ninunue ipi, programu gani, kibodi iwe na funguo ngapi. Tutafika huko na hatutakaa sana. Mwongozaji hakupigii simu kwa filamu ya pili kwa sababu una vinanda vizuri. Anakupigia kwa sababu kwenye ile ya kwanza ulijua muziki uingie wapi, utoke wapi, na sehemu gani usiiguse kabisa. Unachouza ni uamuzi huo.

Nachukulia kwamba tayari unapiga chombo fulani au unatengeneza midundo studio. Kama bado huwezi kupanga sauti tatu zikapatana, anza na hilo kwanza: kwaya ya kanisani, Dhow Countries Music Academy pale Mji Mkongwe Zanzibar, TaSUBa Bagamoyo, Kenya Conservatoire of Music jijini Nairobi, au fundi wa mtaani anayekubali kukaa nawe jioni. Haya mengine yatakusubiri.

Hatua ya 1: Jifunze kutazama filamu kwa masikio

Chagua filamu moja unayoijua vizuri. Itazame na kalamu mkononi, na kila muziki unapoingia simamisha, andika dakika na sekunde, andika kilichokuwa kinatokea, kisha andika ulipotoka. Ukimaliza, rudia sini (vipande vya matukio) tano zilizokugusa: mara moja bila sauti, mara moja kwa kusikiliza tu huku umegeuza kiti.

Utakachogundua ni kwamba muziki mara chache huanza pale mtu anapoanza kulia. Huanza kabla, kwenye jicho lililohama, au baada, wakati mhusika ameshajifuta machozi na amebaki peke yake. Mara nyingi huingia kwenye mkato wa picha au mwisho wa sentensi ili mtazamaji asihisi kwamba kuna mtu amebonyeza kitufe.

Kuna kisa ambacho kila mwanafunzi wa fani hii hukutana nacho. Mwaka 1960 Alfred Hitchcock alitaka sini ya bafuni kwenye filamu yake ya Psycho isiwe na muziki hata kidogo. Bernard Herrmann, mtunzi wake, aliuandika hata hivyo, kwa ala za nyuzi peke yake, akamsikilizisha. Hitchcock alikubali, na leo watu ambao hawajawahi kuiona filamu hiyo wanazijua zile fidla. Wengi hukisimulia kama kisa cha ubishi. Mimi naona la maana ni kwamba Herrmann aliandika muziki kwa filamu nzima kwa kundi moja tu la ala, akaacha ala za shaba, za mbao za kupuliza na ngoma zote nje. Aliamua mapema filamu inasikika vipi, kisha akashikilia.

Sasa washa tamthilia zetu. Muziki unaanza na jina la kipindi na unakoma na tangazo la sabuni. Watu wanasalimiana, piano. Watu wanakula, piano. Usidhani ni ushamba wa mtunzi. Mara nyingi sauti ya seti imerekodiwa pembeni ya barabara, kuna bodaboda, feni na jenereta la jirani, na muziki unatumika kama plasta ya kuziba nyufa. Ukiijua sababu utaweza kujibu kwa busara: badala ya dakika nyingine tatu za piano, mpe mhariri sauti za mazingira zilizorekodiwa safi, kama bahari, kunguru, adhana ya mbali au soko linalofungwa. Nyufa zinazibika, na muziki unabaki na nguvu kwa ajili ya sini inayouhitaji.

Hatua ya 2: Vifaa, kwa ufupi

Kompyuta yenye RAM ya GB 16 na diski ya SSD, kibodi ya MIDI ya funguo 49 au 61, kadi ya sauti yenye matundu mawili, hedifoni zinazofunika masikio, na maikrofoni moja nzuri ya kondensa. Programu iwe inayoweza kucheza video ndani yake. Reaper ina leseni ya dola 60 kwa mtu binafsi na unaijaribu siku 60 kabla ya kulipa. Wenye Mac hutumia Logic Pro. Cubase ina wafuasi wengi miongoni mwa watunzi wa filamu. Ala za bure za kuanzia zipo, za LABS kutoka Spitfire Audio na zile za MuseScore, na zinatosha kabisa kwa filamu fupi za mwanzo.

Kama una pesa ya kitu kimoja tu cha zaidi, nunua maikrofoni nzuri. Okestra ya kwenye kompyuta kila mtu anayo, na ni ileile. Zeze lililorekodiwa chumbani kwako saa tano usiku, magodoro yamesimamishwa ukutani, hakuna mwingine aliye nalo.

Na UPS, ile betri ya akiba. Umeme wa kwetu unaujua.

Hatua ya 3: Zijue sauti za nyumbani kuliko anavyozijua mwongozaji

Hapa ndipo mtunzi wa Afrika Mashariki ana mtaji asiouhesabu. Ludwig Göransson, Msweden, alipopewa Black Panther ya mwaka 2018 alikwenda kwanza Senegal, akazunguka na Baaba Maal, akarekodi wapigaji wa huko, ndipo akaandika. Mwaka 2019 alichukua Oscar. Christopher Tin, Mmarekani, alitunga Baba Yetu kwa maneno ya Kiswahili kwa ajili ya mchezo wa kompyuta wa Civilization IV uliotoka mwaka 2005. Mwaka 2011 wimbo huo ukapata Grammy, ya kwanza kwa muziki ulioandikwa kwa ajili ya mchezo wa kompyuta. Hao wamekuja kutafuta kitu ambacho wewe unakipita ukienda dukani.

Lakini kuwa jirani wa kitu si kukijua. Jifunze kila mlio unabeba nini. Chakacha ni ya harusi, ya wanawake. Ukiiweka chini ya sini ya mazishi kwa sababu tu ina mdundo wa pwani, mtazamaji wa Bara huenda asigundue, lakini wa Lamu atacheka mahali ulipotaka alie. Kidumbaki nacho ni cha shangwe. Dufu linaweza kuwa la maulidi, na ukiliweka chini ya ugomvi wa baa utapigiwa simu, tena si za pongezi. Nyatiti ya Wajaluo ina nyuzi nane na mpigaji hugonga pete ya chuma ya kidole cha mguu kwenye ubao wake, kwa hiyo ukiirekodi weka maikrofoni ya pili chini, karibu na mguu. Ilimba ya Wagogo ina mvumo wake wa kukwaruza ambao mafundi wa miksi, wale wanaochanganya sauti, hupenda kuusafisha wakidhani ni kasoro. Waambie wauache.

Taarabu inahitaji maelezo zaidi, kwa sababu filamu nyingi za Zanzibar, Mombasa na hata za Muscat huitaka, na wengi huikosea. Maqamu (ngazi za sauti za Kiarabu) ya hijazi unaweza kuyapiga kwenye kibodi ya kawaida. Bayati na rasti huwezi, maana zina sauti zinazokaa katikati ya funguo mbili. Bayati inayoanzia re, kwa mfano, mi yake iko chini ya mi ya piano kwa robo toni na juu ya mi bemoli, ule ufunguo mweusi ulio chini ya mi, kwa robo toni. Ukipiga mi ya kawaida inasikika kama ya kanisani. Ukipiga bemoli inasikika kama huzuni ya Ulaya. Kibodi za Korg na Yamaha zilizotengenezwa kwa soko la Uarabuni zina vitufe vya kushusha noti kwa robo toni. Kwenye programu unaweza kuishusha noti hiyo kwa senti 50, yaani robo toni. Bora zaidi, mlete mpigaji wa kanuni au udi, umlipe, na umwache akusahihishe.

Nikisema umlipe, nina maana ya kumlipa siku ileile, kwa karatasi iliyosainiwa inayosema alichopiga kitatumika kwenye filamu gani, na jina lake litokee mwishoni mwa filamu. Mzee aliyepiga zeze kwako kwa soda na nauli, akisikia mlio wake kwenye televisheni, ana haki ya kukasirika.

Hatua ya 4: Tafuta waongozaji wa rika lako

Usimwandikie mwongozaji mwenye tuzo kumi. Ana mtunzi wake, na walianza wote. Mtafute anayeanza leo: Idara ya Sanaa Bunifu ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, Kenya Institute of Mass Communication, MultiChoice Talent Factory pale Nairobi, Maisha Film Lab ya Uganda iliyoanzishwa na Mira Nair, Kwetu Film Institute ya Kigali. Mahali hapo pote kuna watu wenye filamu fupi ya dakika 12 na hawana muziki. Tamasha la filamu la ZIFF Zanzibar nalo, ukienda, usikae tu Ngome Kongwe kutazama. Nusu ya kazi hupatikana barazani baada ya filamu.

Unapojitambulisha usimpe albamu. Chukua sini mbili ambazo una ruhusa ya kuzitumia, au umpigie rafiki picha ya dakika moja, uziwekee muziki, na umtumie kiungo kimoja kinachofunguka kwenye simu. Kila sini isizidi dakika moja na nusu. Sini mojawapo iwe na mazungumzo, kwa sababu hapo ndipo ataona kama unajua kukaa chini ya maneno.

Kazi za pembeni zinazokuza mkono wako ni makala za mashirika, matangazo ya redio, michezo ya redio na vipindi vya watoto. Vituo vinavyorusha tamthilia za Kiswahili kila siku, kama Maisha Magic Bongo na Sinema Zetu ya Azam, vinahitaji muziki mwingi kwa haraka. Malipo hutofautiana, lakini kasi utakayojifunza huko huipati darasani. Ukitaka shule rasmi ya ng'ambo, Berklee ya Boston ina idara nzima ya muziki wa filamu, na mwaka 2020 ilifungua kituo Abu Dhabi, jambo la kuulizia kwa walio Oman na Ghuba.

Hatua ya 5: Kikao na mwongozaji

Picha ikishafungwa, yaani mhariri hakati tena, mnakaa pamoja na kuitazama filamu yote mkisimama kila mahali. Picha ambayo haijafungwa usiitungie zaidi ya mada kuu. Mkato mmoja wa sekunde mbili unaweza kukuvunjia kazi ya siku tatu.

Usiulize "unataka muziki gani?" Atakujibu kwa jina la wimbo, na utakuwa umejifunga. Uliza kuhusu watu. Katika sini hii tuko upande wa nani? Mtazamaji anajua nini ambacho huyu dada hajui? Kama tukikaa kimya hapa, nini kitapotea? Swali hili la mwisho ndilo la thamani kuliko yote, na mara nyingi jibu ni kwamba hakitapotea kitu.

Waongozaji huzungumza lugha ya hisia, nawe ndiye unayetakiwa kuitafsiri kuwa noti. Mazungumzo ya kawaida huwa hivi:

"Kaka, hapa nataka muziki ulie."

"Unataka alie nani, yeye au sisi?"

"Sisi. Yeye amekauka."

Umepata kila kitu. Kama yeye amekauka, muziki haupaswi kumwigiza. Utakuwa mdogo, wa mbali, labda ala moja isiyo na mtetemo, na machozi yatatoka kwa mtazamaji mwenyewe. Kama angejibu "yeye", ungeandika kitu tofauti kabisa.

Tahadhari na muziki wa muda. Mhariri anapokata picha huazima muziki wa filamu nyingine kubwa ili aone mwendo, na mwongozaji anausikia kwa wiki nane. Akija kwako tayari ameuoa. Kisa maarufu ni cha mwaka 1968: Stanley Kubrick alimpa Alex North kazi ya kutunga muziki wa 2001: A Space Odyssey, North akatunga, kisha Kubrick akabaki na rekodi za muziki wa klasiki alizokuwa amezitumia wakati wa kukata. North aligundua siku alipokwenda kuitazama filamu. Kwa hiyo omba kuona filamu bila muziki wa muda mara ya kwanza. Ukishindwa, muulize anachokipenda ndani yake: ni mwendo, ni ukimya kati ya noti, ni ule mlio mzito wa chini? Ukishakijua, andika chako chenye sifa hiyo moja na uache mengine yote. Akisema "nataka kama hii kabisa", mweleze kwa upole kwamba kunakili ni kesi mahakamani, na kwamba kesi hiyo itamhusu yeye pia.

Toka kikaoni na orodha. Kila kipande kina namba, mwanzo, mwisho, na sentensi moja ya kazi yake. Utaratibu wa kimataifa ni 1M1, 1M2, 2M1: tarakimu ya kwanza ni sehemu ya filamu, M ni muziki, ya mwisho ni mpangilio wake ndani ya sehemu hiyo. Muulize mhariri filamu inakwenda fremu ngapi kwa sekunde, 24 ya sinema au 25 ya televisheni za kwetu, na uandike jibu juu kabisa. Filamu ya fremu 24 ikija kuchezwa kwa 25, dakika 10 zinageuka dakika 9 na sekunde 36, na hakuna kipande chako kitakachokaa mahali pake.

Hatua ya 6: Andika kipande kimoja

Tuchukue sini. Mama yuko jikoni, mwanawe amemletea bahasha kutoka hospitali. Wanaongea. Kijana anaaga, sentensi yake ya mwisho inaisha sekunde ya 31. Mama anabaki anaitazama bahasha mezani. Sekunde ya 53 anaifungua. Sekunde ya 74 na nusu upepo unabamiza mlango wa nje na picha inakata kwenda barabarani.

Muziki hauanzi kijana anapoaga, kwani hapo utakuwa unamwambia mtazamaji "sasa huzunika". Uanze sekunde ya 33, macho ya mama yanapotua kwenye bahasha. Kuanzia hapo hadi kufunguliwa ni sekunde 20, na hadi mlango kubamizwa ni sekunde 41 na nusu.

Sasa tafuta mwendo utakaofika sehemu hizo bila kulazimisha. Kwa mapigo 72 kwa dakika, baa ya mapigo manne ni sekunde 3.33, na baa 6 ni sekunde 20 kamili. Bahasha inafunguka kwenye pigo la kwanza la baa ya 7. Mlango ni mgumu kidogo: baa 12 ni sekunde 40, tumepungukiwa. Ongeza baa moja fupi ya mapigo mawili na utafika sekunde 41.67, yaani umechelewa kama fremu 4 kwa hesabu ya 25. Uache hivyohivyo. Muziki unaochelewa fremu tatu nne huonekana kama mtu aliyeshtuka baada ya kusikia, na ndivyo binadamu anavyoshtuka. Ukiwahi, hata kwa fremu moja, unaonekana ulijua mlango utabamizwa.

Nini kinasikika? Noti moja nzito ya sello peke yake kwa baa mbili za kwanza, kisha udi unaingia juu yake na sauti tatu, unarudia, unaongeza moja. Kishawishi ni kulipua kitu kikubwa bahasha inapofunguka. Fanya kinyume: ondoa sello. Ule mlio wa chini ambao mtazamaji hakuwa hata anausikia unatoweka, na udi unabaki peke yake. Kuondoa kitu pale anapotarajia kuongezewa humgutusha kuliko matarumbeta.

Kama mama angekuwa anaongea wakati muziki huo unapigwa, kuna kanuni tatu za kuheshimu. Epuka melodi inayotembea kwenye kimo kilekile cha sauti yake. Nenda chini yake au juu kabisa. Sogeza noti zako kwenye pumzi zake, wakati amenyamaza. Na usitumie ala yenye makali ya kugonga, kama kayamba au marimba kavu, juu ya silabi zake, kwa sababu herufi kama s, t na k hukaa palepale na maneno yatazikwa.

Filamu nzima ikutoke kwa mada mbili au tatu tu, zikibadilishwa mwendo, ala na kimo. Mada ya mama iliyopigwa kwa udi hapa inaweza kurudi kwa filimbi utotoni mwake na kwa kwaya ya mdomo uliofungwa siku ya mwisho. Ukitunga melodi mpya kwa kila sini unakuwa na albamu, na filamu inakosa mshikamano. Kuhusu kasi, dakika mbili za muziki uliokamilika kwa siku ni mwendo mzuri. Pangilia ratiba yako kwa hesabu hiyo na uongeze siku za marekebisho, kwa sababu yatakuwepo.

Hatua ya 7: Marekebisho na kukabidhi

Mtumie mwongozaji video yenye muziki ndani yake. Ukimpa faili la sauti peke yake atalisikiliza kwenye gari na kulihukumu kama wimbo. Maoni yake yakiwa "sijui, haijanishika", usianze kuandika upya. Uliza ni sekunde ngapi alipoanza kuhisi hivyo. Mara nyingi kipande kizima ni sawa na tatizo ni pale kilipoingia. Ukikisogeza sekunde nne shida inaisha.

Kukabidhi ni kazi ya unadhifu. Faili ziwe za WAV, 48 kHz, biti 24, hata kama umezoea 44.1 ya muziki wa kawaida. Zitenganishe kwa makundi: ngoma, besi, nyuzi, ala za pekee, sauti za watu. Kila kundi lianze kwenye taimukodi (saa ya picha) ileile ili fundi wa miksi aweze kushusha ngoma peke yake mhusika anapofungua mdomo, badala ya kushusha muziki wako wote. Jina la faili liwe na namba ya kipande na toleo, kwa mfano 2M3_v4. Usibane sauti hadi igonge dari kama unavyofanya kwa wimbo wa redio. Filamu inahitaji nafasi kati ya kunong'ona na kishindo, na kiwango cha mwisho anakiweka fundi wa miksi.

Hatua ya 8: Mkataba na jedwali la muziki

Mkataba unasainiwa kabla ya noti ya kwanza, hata kama mwongozaji ni rafiki yako wa chumba kimoja chuoni. Uandike dakika ngapi za muziki, raundi ngapi za marekebisho zimo ndani ya bei (mbili zinatosha, za ziada zinalipiwa), na malipo kwa awamu: theluthi kwa kusaini, theluthi ukitoa rasimu, theluthi kabla ya kukabidhi faili zilizotenganishwa. Hiyo awamu ya mwisho isogee popote isipokuwa baada ya kukabidhi.

Prodyuza wengi watakupa bei moja inayojumlisha kila kitu. Si vibaya, ila piga hesabu: kodi ya studio, wapigaji, usafiri, fundi wa miksi, vyote vinatoka mfukoni mwako, na kinachobaki ndiyo mshahara. Kuna watunzi wanaomaliza kazi wakiwa wamelipa wao kushiriki.

Kisha haki. Utunzi na rekodi ni mali mbili tofauti. Prodyuza anahitaji ruhusa ya kutumia vyote viwili ndani ya filamu yake, na hiyo unampa. Hahitaji kumiliki utunzi wako milele. Akitaka kununua haki zote, bei iwe nyingine kabisa, na hata hapo jitahidi ubaki na fungu la mtunzi katika mirabaha, yaani malipo ya kazi inaporushwa hadharani. Kwa Tanzania Bara msingi ni Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na sajili kazi yako COSOTA, ofisi ya hakimiliki. Kenya, vyama vya kukusanya mirabaha hupewa leseni na KECOBO, bodi ya hakimiliki, kwa hiyo angalia kwanza ni chama kipi chenye leseni hai ndipo ujiunge. Walio Ulaya wana vyama kama PRS ya Uingereza na SACEM ya Ufaransa.

Mirabaha haiji yenyewe. Inafuata karatasi moja inayoitwa jedwali la muziki: jina la filamu au kipindi, kila kipande kwa namba na jina, urefu wake kwa dakika na sekunde, kimetumikaje (chini ya mazungumzo, kinapigwa na mhusika kwenye picha, au ni wimbo wa ufunguzi), mtunzi, mchapishaji na asilimia zao. Kituo cha televisheni kinapaswa kulipeleka kwa chama, lakini prodyuza asipolijaza hakuna atakayejua upo. Lijaze mwenyewe wiki unayokabidhi kazi, lipeleke kwa prodyuza na kwa chama chako, na ubaki na nakala. Ujue pia kwamba nchi hazifanani: kumbi za sinema za Ulaya hulipia muziki uliomo ndani ya filamu, za Marekani hazilipi, ingawa televisheni za Marekani hulipa.

Filamu ikishauzwa kwa kituo kingine, au ikarudiwa mwaka wa tatu saa nane usiku, ni wewe utakayegundua kwanza. Andika kituo, tarehe na saa, piga picha ya skrini jina lako linapopita, na uzitume kwa chama pamoja na lile jedwali.